Silaha Duni

Kidato cha tatu, mwalimu wetu wa historia alikuwa na mbinu moja ya kutupitisha mtihani. Ukiulizwa kwa nini Waafrika fulani walishindwa na wakoloni fulani, haijalishi ni akina nani, anza na silaha. Samori, silaha. Wandebele, silaha. Maji Maji, silaha. Swali lilikuja kwa Kizungu na jibu lilienda kwa Kizungu, lakini kwa Kiswahili ni maneno mawili tu: silaha duni. Alama moja bila jasho. Halafu unaongeza kukosa umoja, unaongeza dawa ya maji kutofanya kazi, unafunga karatasi. (Hiyo ya dawa darasa zima lilicheka. Sasa sikumbuki kilichotuchekesha.)

Jibu hilo nilikaa nalo miaka. Nililibeba hadi chuo, nikatoka chuo kabla ya kumaliza, nikatoka nalo. Limekuja kunivunjikia mkononi nikisoma riwaya, si kitabu cha historia. Riwaya yenyewe ni Afterlives ya Abdulrazak Gurnah, iliyotoka 2020, mwaka mmoja kabla apewe Nobel na kila mtu aanze kupiga picha jalada la kitabu chake kando ya kikombe cha kahawa. Mimi pia nilipiga. Kusoma kulikuja baadaye sana.

Ni riwaya kuhusu watu wa mji mmoja wa pwani ya Tanganyika, na kuhusu jeshi lililopita katikati yao. Nataka kuongea kuhusu hilo jeshi, kwa sababu wengi wanaosifu kitabu hiki wanasifu mapenzi ya Hamza na Afiya, na wana haki, ni mapenzi matamu. Lakini bila jeshi hakuna kitabu. Na kwenye hilo jeshi nina ugomvi kidogo na Gurnah.

Tuanze na dola yenyewe, kwa wale waliolala darasani. Ujerumani ya Kaiser ilizaliwa 1871 na ikafa Novemba 1918. Miaka 47, umri wa mjomba wako yule anayejiona bado kijana. Ndani ya muda huo ilijenga viwanda vya kutisha: Krupp kule Essen wakiyeyusha chuma cha mizinga, Mauser kule Oberndorf wakitengeneza bunduki za kuuzia dunia nzima. Huku kwetu ilishuka kijeshi mwaka 1889, wakati Hermann von Wissmann alipokuja kuzima vita vya Abushiri akiwa na mamluki: Wasudani karibu 600 waliokusanywa Misri, na Washangaan kutoka Msumbiji. Abushiri alinyongwa Pangani Desemba mwaka huohuo. Mwaka 1891 kikosi kile kikafanywa rasmi kikaitwa Schutztruppe, maana yake kikosi cha ulinzi. Ulinzi wa nani kutoka kwa nani, usiniulize mimi.

Mwaka 1914 vita vikuu vilipoanza, jeshi hilo lilikuwa na kampuni 14, askari Waafrika karibu 2,500 na Wajerumani wasiofika 300. Rudia hizo namba. Kwa kila Mjerumani mmoja kulikuwa na askari wanane hivi: Wanyamwezi, Wasukuma, Wamanyema, Wanubi na wengine. Kwa hiyo tulipoandika kwenye mtihani kwamba wakoloni walikuwa na silaha bora, hatukuulizwa swali la pili, lile la alama kumi: silaha hizo zilikuwa mikononi mwa nani?

Na zilikuwa bora kiasi gani? Hapa ndipo nilipokwama wiki nzima, nikisoma mambo ya bunduki kama mtu anayetafuta ya kununua. Kampuni nyingi za askari ziliingia vitani 1914 na Mauser ya mfano wa 1871. Umri sawa na dola yenyewe. Inabeba risasi moja tu: piga, fungua, toa ganda, weka nyingine, funga. Risasi yake ni nene, milimita 11, na inatumia baruti nyeusi, ile inayotoa moshi. Huko Ulaya askari wa Kaiser alikuwa na Mauser ya 1898, risasi tano ndani, baruti isiyo na moshi. Huku askari wa Kaiser amejificha nyuma ya kichaka, anapiga risasi moja, na wingu jeupe linapanda juu ya kichwa chake kumwambia adui, niko hapa. Paul von Lettow-Vorbeck, kamanda wao, mwenyewe alilalamikia moshi huo kwenye kumbukumbu zake alizochapisha 1920.

Dola iliyokuwa na Krupp na Mauser chini ya paa moja iliwapa watu waliokuwa tayari kuifia bunduki ya babu. Hiyo haikuwa bahati mbaya, bana. Jeshi hili halikuwekwa kupigana na Waingereza. Liliwekwa kupiga vijiji, na kwa vijiji walihesabu kwamba bunduki ya 1871 inatosha.

Tena wakati mwingine haikutosha. Tarehe 17 Agosti 1891, pale Lugalo, Wahehe wa Mkwawa, wengi wao wakiwa na mikuki, waliumaliza msafara wa Emil von Zelewski uliokuwa na mizinga na bunduki za rashasha. Walivizia mbugani, wakangoja safu ipite kwa urefu, wakainuka. Kwa hesabu ya mwalimu wetu jambo hilo haliwezekani, labda ndiyo maana halikuwa kwenye daftari.

Halafu Maji Maji, ile ya alama zangu. Ni kweli, Mahenge, mwisho wa Agosti 1905, maelfu ya watu waliikimbilia boma na rashasha mbili zikawafyeka. Lakini rashasha hazikumaliza vita vile. Vita viliendelea hadi 1907, na kilichovimaliza ni moto: jeshi lilipita kijiji kwa kijiji likichoma nyumba, likichoma ghala, likichukua mbegu. Hesabu ya Wajerumani wenyewe ni watu 75,000 waliokufa. Wanahistoria wengine wanafika 250,000 na kupita, wengi wao kwa njaa. Silaha iliyoua zaidi katika nchi ile ni kiberiti, na hakuna kiwanda cha Essen kinachohitajika kutengeneza kiberiti. Kinachohitajika ni mtu wa kukishika, anayejua njia, anayejua mahali watu wanapoficha mtama.

Huyo mtu ndiye Gurnah anayemwandika. Ndiyo maana nasema riwaya hii ilinivunjia jibu langu.

Hamza anaingia jeshini kwa hiari, kijana anayekimbia jambo ambalo hataki kulitaja, na ndani ya siku chache anagundua kwamba amekimbilia jambo baya zaidi. Gurnah hana haraka na maisha ya kambini. Tunaona kwata, kelele, kiboko, matusi, na pia tunaona kitu ambacho vitabu vya shule haviwezi kukigusa: fahari. Hawa askari wanajiona watu. Wana sare, wana wake wanaofuatana na msafara, wana watoto wanaozaliwa njiani, wana mshahara mzuri kuliko wa wenzao wa King's African Rifles upande huu wetu wa mpaka. Mwanahistoria Michelle Moyd ameandika kitabu kizima kuhusu hilo, jinsi askari walivyotafuta heshima kupitia jeshi, nyumba, mifugo, wake, cheo cha kuitwa bwana mkubwa kijijini. Gurnah analifanya hilo kwa kurasa chache na huhitaji kufundishwa. Unawaona wanavyotembea.

Lakini pale anaponishika kabisa ni kwa ofisa, yule Oberleutnant. Anamchukua Hamza awe mtumishi wake, anaanza kumfundisha Kijerumani kama mchezo, kama mtu anayefundisha kasuku, ili siku moja asome Schiller. Halafu mchezo unageuka kitu kingine ambacho ofisa mwenyewe hana jina lake. Anampenda yule kijana kwa namna fulani, na upendo wenyewe unamtia aibu, na aibu inageuka dhihaka. Wajerumani wengine wanaona. Feldwebel mmoja anaona na hasahau, na Hamza ndiye atakayelipa, kwa upanga, kwenye nyonga, kilema cha maisha. Sijasoma mahali pengine ambapo lugha inatolewa kama zawadi na inauma namna hiyo. Mimi ni mtu ninayekula kwa Kizungu, ndicho naandikia makala ya kulipia kodi, kwa hiyo labda nilikuwa mlengwa rahisi.

Sasa ugomvi wangu. Kuanzia hapa natoboa mwisho, kama hiyo inakuudhi rudi ukishasoma.

Kuna wanaume wawili wanaoenda vitani katika kitabu hiki. Hamza, tunayemfuata. Na Ilyas, kaka yake Afiya, ambaye hatumfuati. Ilyas ndiye aliyechukuliwa na askari akiwa mtoto, akasomeshwa na wamishonari, akarudi pwani akiwasifu Wajerumani kwa mtu yeyote atakayesikiliza. Watu wanamwambia kuhusu waliochomwa na walionyongwa, yeye anajibu kwamba walimtendea wema. Vita vikianza anajitolea. Anamwacha dada yake mdogo, ambaye amempata juzi tu, anakwenda. Na kitabu kinamwacha aende. Zaidi ya nusu ya riwaya ni watu wakiuliza Ilyas yuko wapi.

Ni uamuzi wa fundi, nakubali. Lile pengo linavuta kitabu chote. Lakini linampa Gurnah njia ya kutoka pia. Hamza ni mpole. Vita vinapita mbele ya macho yake zaidi ya kupita mikononi mwake. Ukatili unasimuliwa kwa wingi: walichoma, walichukua, waliacha maiti nyuma. Ni wao, mara chache sana ni yeye. Tunampenda Hamza kwa sababu tumeruhusiwa kumpenda. Yule aliyeliamini jeshi, aliyetaka kuwa ndani yake, ambaye pengine alichoma ghala la mtu akiamini anajenga ustaarabu, huyo tunafungiwa mlango. Nilitaka usiku mmoja tu na Ilyas na ile bunduki yake yenye moshi. Nilitaka kumsikia akijieleza baada ya kijiji cha kwanza. Gurnah anajua kuingia ndani ya kichwa cha Mjerumani anayemtaka kijana asiyepaswa kumtaka. Kwa nini asiingie ndani ya kichwa cha Mswahili anayewapenda Wajerumani?

Nadhani ni huruma iliyomzuia. Na ninaielewa. Sisi pia tunayo hiyo huruma, hata upande huu wa mpaka.

Maana vita vile vilikuwa vyetu pia. Agosti 1914 askari wa Schutztruppe walivuka wakaichukua Taveta, na kwa muda walikuwa wakilipua reli ya Uganda kule Tsavo. Waingereza nao wakaanza kukamata vijana wa kubeba mizigo, maelfu kwa maelfu, na ukishuka leo Kariokor kununua kiondo au kula nyama choma umeshuka kwenye jina la kikosi hicho, Carrier Corps, lililolainishwa na midomo ya watu. Waliokufa wanahesabiwa kwa makumi ya maelfu, na hao ni wale walioandikwa. Upande wa Wajerumani wapagazi wengi hawakuandikwa kabisa. Kati ya majeshi hayo mawili, Ugogo ililiwa nafaka na wanaume hadi ikaingia njaa ambayo wenyewe waliiita Mtunya, na inakadiriwa watu 30,000 walikufa.

Ukifika Mombasa, nje ya Fort Jesus, kuna mzinga wa meli ya Kijerumani, Königsberg. Meli hiyo ilizamishwa kwenye delta ya Rufiji Julai 1915. Wajerumani wakaitoa mizinga yake yote 10, wakaifungia magurudumu, wakaiburuta porini nchi nzima. Nilimkuta mtoto ameketi juu ya mtutu, mama yake anampiga picha, anamwambia acheke. Mzinga una maelezo yake. Waliouvuta hawana.

Vita viliisha wapi? Lettow-Vorbeck alisalimisha jeshi lake Abercorn, leo ni Mbala nchini Zambia, tarehe 25 Novemba 1918, wiki mbili baada ya Ulaya kunyamaza, kwa sababu habari zilichelewa kumfikia. Alikuwa amebaki na askari 1,168. Na karibu bunduki zote walizoweka chini siku ile hazikuwa za Kijerumani. Zilikuwa za Waingereza na Wareno, walizoziteka njiani baada ya zao kuchakaa au kuishiwa risasi. Ulianza Tanga, Novemba 1914, Waingereza walipokimbilia melini wakaacha nyuma mamia ya bunduki na risasi laki sita, na haukuisha hadi mwisho. Wazia hilo. Dola ya Krupp imekwisha, Kaiser amekimbilia Uholanzi, na hata chuma chake hakipo tena. Kilichobaki cha Ujerumani pale uwanjani ni amri. Maneno ya kwata ndani ya miili ya watu 1,168.

Lettow-Vorbeck alirudi Berlin shujaa, akawaandikia vijana wa Kijerumani kitabu kiitwacho Heia Safari!, na hapo hadithi ya askari mwaminifu ikaanza kazi. Askari aliyependa bwana wake hata mwisho. Ilipigiwa debe miaka ishirini na zaidi na watu waliotaka makoloni yarudi.

Kuna kisa ambacho hadithi hiyo inakipenda sana. Mwaka 1964, mwaka aliokufa Lettow-Vorbeck, Ujerumani Magharibi iliidhinisha pesa za kuwalipa askari wazee malimbikizo yao. Mzee mmoja baada ya mwingine akajitokeza Mwanza, wachache wakiwa na hati, wengine na kipande cha sare, wengi mikono mitupu. Basi, inasemekana, mtu wa benki akapata wazo. Kila mzee alipewa ufagio, akaamriwa kwa Kijerumani afanye kwata ya bunduki. Hakuna hata mmoja aliyeshindwa.

Msimulizi hapo hutabasamu. Mimi nilikisoma nikafunga simu. Mzee wa miaka sabini, baada ya miaka 46, anasimama mbele ya mzungu wa benki na ufagio begani ili alipwe pesa aliyoitolea jasho akiwa kijana. Hiyo si habari ya uaminifu. Angefanya nini kingine? Ungefanya nini wewe?

Na hapa ndipo Gurnah anarudi na kunikata kidogo, lazima nikiri. Kwa sababu mwisho wa kitabu mpwa wa Ilyas, aliyepewa jina lake, anakwenda Ujerumani na kuipata habari ya mjomba wake kwenye nyaraka. Ilyas alifika huko baada ya vita. Alivaa sare, aliimba, alisimama kwenye mikutano ya watu wanaotaka makoloni. Halafu akashtakiwa kwa kulala na mwanamke wa Kijerumani, akapelekwa kambi ya Sachsenhausen, akafia humo.

Si jambo la kubuni tu. Bayume Mohamed Husen alizaliwa Dar es Salaam 1904, mtoto wa askari, akaingia vitani na babake akiwa na miaka kama kumi. Mwaka 1929 alikuja Berlin kudai mishahara yao. Akakataliwa. Aliomba nishani ya wapiganaji, akakataliwa. Alifanya kazi ya hoteli, akafundisha Kiswahili chuo kikuu, akaigiza kwenye filamu ya kumsifu Carl Peters, Mkono-wa-Damu mwenyewe, ile ya 1941. Mwaka huohuo alikamatwa. Alikufa Sachsenhausen tarehe 24 Novemba 1944.

Hao wawili, Husen wa kweli na Ilyas wa riwaya, ndio askari waaminifu kweli, wale ambao Heia Safari! ingewataka. Dola waliyoitumikia ilikuwa imekufa, wakaitafuta kwake nyumbani, wakakuta nyingine imeketi kitini. Gurnah anatupa habari hiyo kwa kurasa chache, kwa sauti baridi ya faili. Mara ya kwanza nilisema amekimbia. Mara ya pili nilisoma polepole na nikaona kwamba faili ndiyo yote anayopewa mtu kama Ilyas, na kwamba mwandishi amekataa kumpa zaidi ya hapo. Bado nataka ule usiku mmoja wa kijiji cha kwanza. Sijaondoa ugomvi wangu. Lakini sina uhakika tena kwamba nauandika kwake.

Kama utasoma Afterlives, kabla hujaanza tafuta Peponi, tafsiri ya Ida Hadjivayanis ya riwaya yake ya 1994, Paradise, iliyotoka kwa Mkuki na Nyota. Soma ukurasa wa mwisho. Yusuf, kijana mwingine mpole, ameona msafara wa Mjerumani na askari wake ukipita ukikamata wanaume wa kubeba mizigo. Wameondoka. Yeye yuko salama, amejificha. Halafu anatoka, anakimbia kuufuata. Niliposoma mara ya kwanza niliangalia anachokimbia. Safari hii jaribu kuangalia migongo ya wale walio mbele yake, na bunduki wanazobeba.